Proanthosianidini: tanini ya magome ya mikoko

Proanthosianidini ni jina la kikemia la minyororo ya molekuli za katekini na epikatekini. "Pro" hapa ina maana ya kitangulizi: minyororo hiyo ikichemshwa katika asidi huvunjika na kuzaa anthosianidini, ambazo ni rangi nyekundu. Proanthosianidini isichanganywe na anthosianini, ambayo ni rangi iliyokwisha kuungana na sukari, kama ile ya maua ya rozela.

Tanini ni neno pana zaidi, na proanthosianidini ni kundi lake moja tu. Katika mikoko ya Ghuba ya Gazi, Msambweni, kundi hili limo kwa wingi katika magome ya mkoko na mkandaa. Kazi yake kubwa ni kushika protini. Kwa hiyo maji ya magome hayo huigeuza ngozi mbichi ikawa ngozi isiyooza, na zamani magome ya mikoko ya Afrika Mashariki yaliuzwa ng'ambo kwa ajili hiyo.

Mdomoni, tanini hushika protini za mate, na ulimi hukauka, kama mtu anapokula bibo. Hali hiyo Kiswahili huiita ukakasi.