Usilaumu mashine, angalia punje

Likizo iliyopita mjomba wa watoto wangu aliwaletea mashine ya bisi, ile ndogo ya umeme inayopuliza hewa moto bila mafuta. Nyumba ikawa sherehe. Mimi nilikuwa nimetoka Malaba siku hiyo hiyo, na mkobani nilikuwa na gorogoro moja ya punje za bisi, nilizonunua kwa bei ya kutupa kando ya barabara, pale malori yanapopanga foleni kuingia Uganda.

Tukawasha. Mashine ikanguruma, punje zikazunguka weee! Tulichopata ni konzi moja ya bisi na rundo la punje zilizoungua. Kitinda mimba wangu akauliza kama mjomba alinunua mashine mbovu.

Mashine haikuwa na kosa lolote. Bisi si mahindi ya ugali yaliyopikwa kwa ujanja. Ni aina ya pekee, yenye punje ndogo na ganda gumu lisilopitisha mvuke. Ndani ya punje mna maji kidogo. Joto likifika kama nyuzi 180 za Selsiasi, mvuke hulishinda nguvu ganda, nayo punje hupasuka. Maji yanayofaa ni kama asilimia 14 ya uzito wake. Yakipungua sana, mvuke hautoshi. Ganda likiwa na ufa, mvuke huponyoka kimyakimya. Zangu zilikuwa zimekaa wazi juani, Mungu ndiye ajuaye kwa siku ngapi.

Niliporudi mpakani, safari hii Busia, nilimweleza masaibu yangu mama mmoja muuza nafaka sokoni. Alicheka hadi akashika kiuno. "Mwanangu, uliangalia bei ukasahau kuangalia punje," akaniambia.

Akachota kutoka katikati ya gunia, si juu, akanimiminia kiganjani. Nilizitazama: zilikuwa zinang'aa, ukubwa wake unalingana, hazina matundu ya wadudu wala vipande. Kwa mashine ya hewa jambo hili ni kubwa, kwa kuwa vipande na makapi hupeperushwa nje au kuungua ndani. Nyeupe au za manjano? Za manjano kwa kawaida hufura zaidi. Nyeupe ganda lake ni laini mdomoni. Hapo kila nyumba na ladha yake.

Kisha akaniambia ninuse. Punje yenye harufu ya uvundo au madoa ya ukungu iache hapo hapo, hata ukipewa bure. Ukungu waweza kuleta sumu ya aflatoksini, ambayo moto wa jikoni hauimalizi. Mwaka 2004 sumu hiyo iliua watu 125 mashariki mwa Kenya. Wafanyabiashara wa Busia na Malaba nao wanakumbuka Machi 2021, Kenya ilipopiga marufuku mahindi ya Uganda na Tanzania kwa sababu yake, kisha siku chache baadaye ikayaruhusu kwa masharti, mojawapo likiwa cheti kwamba sumu haizidi sehemu 10 katika kila bilioni. Tatizo ni kwamba sumu yenyewe haionekani kwa macho. Kwa hiyo, kwa bisi za watoto, mimi siku hizi hupendelea pakiti iliyofungwa vizuri yenye alama ya KEBS, ingawa mama yule akinisikia atanuna.

Ukinunua ya kupimiwa, anza na kiasi kidogo. Kaanga punje 20 nyumbani. Zisipopasuka angalau 17, usirudi kununua gorogoro.

Na zile zangu za Malaba? Hazikuwa na ukungu, ukavu tu. Nilijaza robo tatu ya chupa ya lita moja, nikaongeza kijiko kikubwa kimoja cha maji, nikafunga kifuniko na kuitikisa kila siku kwa siku tatu. Nyingi zilipasuka. Fanya hivyo kwa punje chache utakazozimaliza upesi, maana unyevu ndio rafiki wa ukungu.

Chumvi na siagi tia bakulini, kamwe si ndani ya mashine ya hewa.

Mjomba alikuja tena Jumapili iliyopita. Alimaliza bakuli zima peke yake, kisha akawaambia watoto kwamba yeye anajua kuchagua mashine.