Kanisani Asubuhi, kwa Mpiga Ramli Jioni



Tumezoea kuambiwa kwamba adui mkuu wa imani katika ulimwengu wa kisasa ni ukanaji Mungu. Vitabu tulivyosomeshwa seminarini viliandikwa kwa sehemu kubwa na watu wa Ulaya, ambako makanisa mengi yamebaki matupu, navyo vikatufundisha kujihami dhidi ya mtu asemaye kwamba hakuna Mungu. Mtu huyo hapa Singida, tangu Manyoni hadi Mkalama, ni nadra kumpata. Makanisa yetu yamejaa. Wanaosali ni wengi, wanaofunga ni wengi, wanaokesha ni wengi. Ugonjwa wetu ni mwingine: tunamwamini Mungu siku ya Jumapili, na likitupata janga siku ya Jumatatu tunamtafuta mtu wa kulilipia.

Mtaguso Mkuu wa Pili wa Vatikano, katika hati yake Gaudium et Spes ya tarehe 7 Desemba 1965, uliuhesabu mtengano kati ya imani inayokiriwa na maisha ya kila siku kuwa miongoni mwa makosa mazito ya nyakati zetu. Wengi wetu tukisikia hayo huwafikiria wafanyabiashara wadanganyifu na wakubwa wala rushwa. Hao wapo, wala siwatetei. Lakini na tutazame nyumbani. Mtoto anapougua ghafla, ng'ombe wanapokufa, kijana anaposhindwa mtihani, swali la kwanza katika boma la Mkristo ni lipi? Mara nyingi haliulizwi ni ugonjwa gani. Huulizwa ni nani amefanya. Na swali likiisha kuulizwa hivyo, jibu lake huwa limekwisha kuandaliwa: ni bibi mzee, mjane, akaaye peke yake, mwenye macho mekundu.

Macho hayo tuyaseme wazi, kwa maana yameua. Mwanamke aliyepuliza moto wa kuni na wa mavi ya ng'ombe kwa miaka hamsini, ndani ya jiko lisilo na dirisha, macho yake yatakuwa mekundu. Tena mikoa yetu mikavu ya katikati, Dodoma na Singida, inajulikana tangu zamani kwa ugonjwa wa trakoma, unaoenezwa na nzi na mikono michafu mahali penye uhaba wa maji. Ugonjwa huo ukikaa muda mrefu, kope hugeukia ndani na kulikwaruza jicho. Wanawake huupata zaidi kwa kuwa ndio wanaowalea watoto wadogo, ambao huwa nao kwa wingi. Una dawa, na kope zilizopinda hurekebishwa kwa upasuaji. Basi alama ya kwamba mama huyu amewapikia wenziwe na kuwalea maisha yake yote, sisi tumeigeuza kuwa ushahidi wa kumhukumu kifo! Kituo cha Sheria na Haki za Binadamu, katika taarifa zake za miaka ya 2010, kilihesabu mamia ya watu waliouawa kwa mwaka mmoja nchini kwa tuhuma za uchawi, na wengi wao walikuwa wanawake wazee.

Nitajibiwa: "Baba Padre, ninyi mmesoma sana, lakini uchawi upo." Simjibu kwa kumcheka. Kanisa halifundishi kwamba shetani ni hadithi, wala kwamba moyo wa mwanadamu hauna chuki. Ninachokataa ni mahakama ya mpiga ramli, isiyo na shahidi wala rufani, ambayo hakimu wake hulipwa na mshtaki. Na nchi hii ya Singida inayo historia yake. Katika miaka ya 1940 watu wengi waliuawa huku kwa mauaji yaliyosemwa kuwa ya simba-watu. Ilisadikiwa kwamba wachawi waliwatuma watu waliogeuzwa simba. Hofu ilifunga vinywa vya mashahidi, na kwa muda mrefu ikawa vigumu kuwafikia wauaji. Mwishoni watu walikamatwa, wakashtakiwa, wakanyongwa. Wazee wetu walikuwa na haki ya kuogopa, maana watu walikuwa wakifa kweli. Bali hofu ya uchawi ilimnufaisha nani, kama si muuaji?

Swali hilo la manufaa ndilo Tume ya Haki na Amani inapaswa kuliuliza katika kila kijiji. Bibi akiisha kufukuzwa, shamba lake la alizeti analima nani? Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya mwaka 1999 inampa mwanamke haki sawa na mwanamume ya kupata na kumiliki ardhi. Palipo vigumu kumnyang'anya mjane mbele ya baraza, ni rahisi kumwita mchawi nyuma ya nyumba.

Injili nayo haikunyamaza. Katika sura ya 9 ya Yohane, wanafunzi walimwona kipofu tangu kuzaliwa wakataka kujua mwenye kosa, yeye au wazazi wake. Bwana aliwakatalia swali lenyewe, kisha akamponya. Katika sura ya 13 ya Luka, alipotaja watu 18 walioangukiwa na mnara kule Siloamu, alikataa kabisa kwamba walikuwa wakosefu kuliko wengine. Sasa nawauliza: aendaye kwa mpiga ramli kutafuta mkosaji, anamfuata Kristo yupi?

Wengine husema wameacha ramli kwa sababu wameokoka. Wameenda wapi? Mwaka 2011 maelfu kwa maelfu walisafiri hadi Samunge, Loliondo, kunywa kikombe cha shilingi 500. Wapo waliofia foleni, na wapo wagonjwa waliotupa dawa zao. Tarehe 1 Februari 2020, mjini Moshi, watu 20 walikufa wakikanyagana kuyakimbilia mafuta ya upako. Mwaka 2023 huko Shakahola, nchini Kenya, ilifukuliwa miili zaidi ya 400 ya watu walioambiwa wafunge hadi kufa ili wamwone Yesu. Kwa redio na simu ya mkononi, mahubiri ya namna hiyo huingia leo hata katika nyumba isiyo na maji ya bomba.

Tusiwanyoshee wengine kidole peke yao. Katika vikundi vyetu wenyewe vya sala nimesikia mafundisho juu ya "laana za ukoo", na mlei aliyesimama akatangaza kwamba shangazi wa mgonjwa ndiye mlango wa pepo. Hiyo ni ramli iliyovikwa rozari. Kanoni ya 1172 inakataza mtu yeyote kuwapunga wenye pepo bila ruhusa maalumu na ya wazi ya Askofu wa mahali. Maagizo ya Roma ya tarehe 14 Septemba 2000 juu ya sala za kuomba uponyaji yanataka pasiwepo vurugu wala maigizo. Makatekista wote wanapaswa kuyajua, na mapadre tuache kuyafumbia macho kwa sababu tu kikundi kinachangia vizuri.

Sinodi ya Maaskofu kwa ajili ya Afrika ya mwaka 1994 ililiita Kanisa Familia ya Mungu. Katika familia, bibi hukaa wapi? Hukaa karibu na moto, na watoto humzunguka. Jumuiya Ndogo Ndogo ambayo bibi wa namna hiyo anaogopa kuhudhuria haina haki ya kujiita kwa jina hilo.

Napendekeza basi kwa Halmashauri za Walei mambo haya, nanyi myajadili. Kiongozi atakayethibitika kwenda kwa mpiga ramli kumtafuta mtu wa kumlaumu, au kumtaja mwenzake kuwa mchawi, aondolewe katika uongozi, hata akiwa mfadhili mkubwa wa ujenzi. Akumbushwe pia kwamba kumtaja mtu kuwa mchawi ni kosa la jinai chini ya Sheria ya Uchawi ya mwaka 1928. Kila jumuiya iandike majina ya wajane na wazee wakaao peke yao, igawane zamu za kuwatembelea, na wenye macho mabovu wapelekwe zahanati. Na bibi akisemwa vibaya msibani, asisubiriwe Paroko: mwenyekiti wa jumuiya asimame hapohapo aseme, kisha usiku huo watu wawili wakalale kwake, na asubuhi taarifa ifike kwa mtendaji wa kijiji na polisi.