Mshindo wa Mjeledi, wa Ndege na wa Radi

Umewahi kuwaona wakulima wa Iramba, mkoani Singida, wakilima kwa plau? Aswagaye ng'ombe huuzungusha mjeledi hewani, kisha huurudisha ghafla, na hapo husikika mlio mkali mfano wa bunduki, hali ng'ombe hata hakuguswa. Ni ncha ya mjeledi iliyokwenda mbio kuliko sauti.

Maana sauti nayo ina mwendo wake. Katika hewa yenye joto la nyuzi 20 za Sentigredi husafiri mita 343 kwa sekunde, yaani kama kilometa 1,235 kwa saa. Kitu kiendacho chini ya mwendo huo hutanguliwa na sauti yake, na hewa iliyo mbele hukipisha. Kiipitacho sauti huikuta hewa haina habari. Hewa hiyo hushindiliwa kwa nguvu, nasi masikioni hupokea mshindo.

Mmarekani Chuck Yeager aliupita mwendo huo kwa ndege tarehe 14 Oktoba 1947. Wengi hudhani kwamba mshindo hutokea mara moja tu, ndege inapouvuka mwendo wa sauti. Sivyo hata kidogo. Ndege huuburura mshindo wake muda wote iendapo mbio hizo, kama mtumbwi katika ziwa Singidani uburutavyo mawimbi: kila aliye ufukoni hufikiwa kwa zamu yake. Ndiyo sababu Concorde, iliyobeba abiria tangu 1976 hadi 2003, iliachiwa kukimbia hivyo juu ya bahari, mbali na makazi ya watu. Ndege za kivita za MiG-21, zilizotumika katika Vita vya Kagera vya 1978 na 1979, nazo ziliweza kuipita sauti. Lakini kelele zinazotikisa vifua vyetu ndege zipitapo juu ya uwanja siku ya sherehe ni za injini tu.

Na lile wingu jeupe liizungukalo ndege katika picha? Si moshi. Fungua chupa ya soda baridi uitazame shingo yake: ukungu mwepesi hutokea, kisha hutoweka. Hewa iliyobanwa ikiachiwa ghafla hutanuka na kupoa, na mvuke uliomo hugeuka matone. Ndivyo ilivyo kandokando ya mabawa, hata kabla ndege haijaifikia sauti, mradi hewa iwe na unyevu mwingi kama wa pwani. Hewa kavu ya Singida wakati wa kiangazi haifai kwa kazi hiyo.

Singida mshindo wa aina hii huletwa zaidi na radi. Umeme huipasha hewa joto la kama nyuzi 30,000, nayo hutanuka kwa kasi ipitayo ya sauti, ndiyo ngurumo. Mvua zinapoanza, watoto wako mbugani na mifugo, basi wafundishwe kuhesabu. Waanze waonapo mwanga, waishie wasikiapo ngurumo. Kila sekunde tatu ni kama kilometa moja. Zisipotimia 30, waingie katika nyumba imara, wala wasijibanze chini ya mbuyu au kupanda juu ya majabali. Watoke dakika 30 baada ya ngurumo ya mwisho, hata kama mvua imekatika zamani.