Ombi la Ardhi Lisilale Kabatini

Ndugu viongozi wa jumuiya ndogondogo za Malolo, mwanakijiji aombaye hati ya hakimiliki ya kimila haombi hisani. Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya mwaka 1999, kifungu cha 23, yaitaka halmashauri ya kijiji ifikie uamuzi katika siku 90 tangu ipokee ombi, au maelezo ya ziada iliyoyadai. Lakini nani atazihesabu siku hizo, ikiwa mwombaji hakuandikiwa hata tarehe?

Mwenye mamlaka akinyamaza, Mahakama Kuu yaweza kumwamuru atimize wajibu wake. Tuelewane: amri hiyo haimgawii mtu shamba, humlazimisha tu mhusika kuamua kwa mujibu wa sheria, hata kama jibu ni kukataa. Tena kibali cha kuiomba hutafutwa ndani ya miezi sita. Njia hiyo ni ndefu na ya gharama, hasa kwa mjane, ambaye sheria hiyohiyo imempa haki sawa na mwanamume.

Hatuyasemi haya kwa kupenda kesi. Mwaka 1994 Mahakama ya Rufani, katika shauri la Lohay Akonaay, ilitamka kwamba haki ya kimila katika ardhi ni mali inayolindwa na Katiba. Na wilaya yetu ya Kilosa yajua migogoro ya ardhi huishia wapi: Desemba 2000, huko Rudewa Mbuyuni, watu 38 waliuawa katika ugomvi wa wakulima na wafugaji.

Basi kila jumuiya iwasaidie waombaji kuandika nakala mbili, na moja irudi nyumbani ikiwa na tarehe na muhuri wa kijiji.