Muziki wa Zadeja Usizikwe Pamoja na Chama

Mwaka 2017, taasisi ya Albania inayochunguza maovu ya utawala wa Kikomunisti ilitaka picha za senema za enzi hiyo zizuiwe katika televisheni. Sababu yao si ndogo. Picha hizo zilitoka katika studio ya serikali, Kinostudio, iliyofunguliwa Tirana mwaka 1952, na kazi yake ilikuwa kukisifu chama cha Enver Hoxha. Nasi Waislamu tunajua: Hoxha ndiye aliyefunga misikiti na makanisa yote mwaka 1967, na ibada ya hadharani haikurudi mpaka 1990.

Hata hivyo, naona ndani ya picha hizo mna amana, nayo ni muziki wa Çesk Zadeja, aliyefariki mwaka 1997. Mzaliwa huyu wa Shkodër alisoma Moscow, akashirikiana na Mrusi Georgy Sviridov katika "Skënderbeu" ya 1953. Kisha akatunga muziki wa "Tana" ya 1958, picha ndefu ya kwanza ya hadithi iliyotengenezwa na Waalbania wenyewe. Alizichukua sauti za nyimbo za wenyeji akazitia katika okestra kubwa.

Je, sauti hizo ni mali ya Hoxha? Hasha! Zilikuwako kabla ya chama, na chama kimekwenda kikaziacha. Rai yangu ni kwamba picha zionyeshwe, na dhuluma ya wakati ule ielezwe waziwazi kabla hazijaanza. Wahenga walitwambia: usitupe mbachao kwa msala upitao.