Namba hasi zisimtie mtoto homa

Saa mbili usiku, Kilindoni. Daftari la Hisabati liko wazi mezani. Swali linasema: x + 5 = 2, tafuta x. Mtoto wa darasa la saba ameandika 3, akafuta. Akaandika 7, akafuta tena. Mzazi aliye pembeni anasema maneno yanayosikika katika nyumba nyingi: "Hata mimi hesabu zilinishinda."

Anakusudia kumfariji, lakini mtoto anasikia kwamba kushindwa ni jambo la ukoo. Wataalamu wa saikolojia wanaeleza kuwa hofu ya hesabu huchukua ile nafasi ya akili inayotakiwa kushika hatua za swali. Mtoto mwenye hofu anaweza kuijua njia na bado akaipoteza.

Kwa mzazi wa Mafia, msaada uko karibu na bahari. Achukue mfano wa ngazi za kushukia majini. Ngazi iliyo sawa na maji iwe sifuri. Za juu yake ni 1, 2, 3. Zilizozama ni -1, -2, -3. Sasa x + 5 = 2 ni kisa kifupi: mtu alipanda ngazi 5, akafika ngazi ya 2. Alianzia wapi? Mtoto arudi chini kwa kidole: 1, 0, -1, -2, -3. Jibu ni -3.

Vivyo hivyo kwa mvuvi wa pweza aliyezama mita 4 zaidi, akafika mita 7 chini ya maji. Hiyo ni x - 4 = -7. Ili kujua alikokuwa, apandishwe mita 4. Alikuwa -3.

Siri ni moja: kutendua kilichotendwa, na kukifanya pande zote mbili. Alama ya sawasawa ni kama mizani ya dukani. Ukiongeza upande mmoja tu, inalala.

Watoto wengi hukariri kwamba namba "ikivuka" alama ya sawasawa hugeuka. Kwenye kujumlisha na kutoa, njia hiyo inafika. Kwenye kuzidisha, inapoteza. Akikutana na -3x = 12, mtoto hugeuza -3 kuwa 3, anagawanya, anapata 4. Amekosea. Hapa x imezidishwa kwa -3, basi pande zote zigawanywe kwa -3 ileile, na alama yake. Jibu ni -4.

Kwa nini hasi mara hasi ilete chanya? Daftari la mkopo dukani linajibu. Deni la shilingi 4,000 ni -4,000. Mwenye duka akifuta madeni matatu ya namna hiyo, mdaiwa amepata nafuu ya shilingi 12,000. Kuondoa deni ni faida.

Kila jibu lirudishwe kwenye swali. Yule aliyeandika 3 ajaribu: 3 + 5 ni 8, si 2. Ameliona kosa mwenyewe, bila kufokewa. Kwa ukaguzi huu, hata mzazi ambaye hakusoma sana anaweza kukaa mezani na kusaidia. Anachotakiwa ni kuuliza: "Hebu rudisha jibu lako, linakubali?"

Maswali matatu au manne kwa usiku mmoja yanatosha. Baada ya hapo mtoto alale, maana usingizi husaidia ubongo kuhifadhi alichojifunza. Kofi na matusi huongeza hofu tu.

Katika shule za sekondari za serikali, somo hili hufundishwa kwa Kiingereza. Mtoto atakayeingia kidato cha kwanza akiwa tayari anaielewa -3 atakuwa na kitu kimoja tu cha kujifunza upya: jina lake.