Dhamana: Hakimu Anataka Kujua Kama Utarudi

Wauzaji wenzangu, mteja akidai umekula pesa yake na polisi wakubebe, usidhani ni jela moja kwa moja. Katiba ya Kenya, ibara ya 49, inakupa haki ya dhamana kwa masharti yanayofaa, isipokuwa kuwe na sababu nzito ya kukunyima. Siku hiyo hakimu haamui kama umeiba. Anataka kujua: utarudi kortini? Utasumbua mashahidi?

Sasa sisi tunaouza kwa simu tu, nani anajua tunakokaa? Hapo ndipo tunaumia. Usijifiche. Jirani akujue, chifu akujue.

Na tapeli aliyekula pesa yako akipewa dhamana, usiseme hakimu amehongwa. Kesi bado ipo, na haki hiyo ni yako pia.